Uwanja

Uwanja (pia kiwanja; wingi viwanja au nyanja) ni neno la Kiswahili linalotaja eneo la ardhi lililo wazi, lenye mipaka inayojulikana, ambalo limetengwa kwa shughuli fulani ya watu. Siku hizi wengi wakilisikia hufikiria kwanza mahali pa kuchezea mpira. Hata hivyo neno hili ni pana kuliko michezo: kuna uwanja wa ndege, uwanja wa vita, viwanja vya maonesho, kiwanja cha kujengea nyumba na nyanja za elimu.

## Maana ya msingi

Mambo mawili hukutana katika neno hili: uwazi na kusudi. Nyika iko wazi lakini haiitwi uwanja, kwa sababu hakuna aliyeitenga kwa kazi yoyote. Shamba la mahindi limetengwa na lina mipaka, lakini nalo si uwanja, kwa sababu ardhi yake imefunikwa na mimea. Mahali huitwa uwanja pale watu wanapofyeka, wanaposawazisha au wanapoacha nafasi makusudi ili jambo fulani lifanyike hapo: ngoma, harusi, sala ya Idi, mnada wa ng'ombe, gwaride au mchezo.

Kwa hiyo neno hili halikuanzia kwenye mpira wa miguu. Mpira ulipoletwa Afrika ya Mashariki na Wazungu katika miaka ya mwisho ya karne ya 19, Waswahili tayari walikuwa na viwanja, na mchezo mpya uliingia katika neno la zamani. Nafasi iliyo mbele ya nyumba, inayofagiliwa kila asubuhi na kuachwa bila kupandwa kitu, ilikuwa uwanja kabla ya mtu yeyote kusimika magoli.

Matumizi ya baadaye yamelegeza sharti la kuwa chini ya anga. Mahali pa kuchezea mpira wa kikapu au mpira wa wavu huitwa kiwanja hata kikiwa ndani ya jengo lenye paa, kwa kuwa sakafu yake ina mipaka iliyochorwa na imeachwa wazi kwa mchezo.

## Umbo, ngeli na wingi

Neno uwanja limo katika ngeli ya U-ZI. Kwa kanuni ya ngeli hiyo wingi wake ni nyanja, kama vile wingi wa ua ni nyua, wingi wa uso ni nyuso, na wingi wa uwanda ni nyanda. Sauti w inayosikika katika umoja haionekani katika wingi, na ny inachukua nafasi ya mwanzo: uwanja huu ni mpana, nyanja hizi ni pana.

Kiwanja ni neno la ngeli ya KI-VI. Kiambishi ki- mara nyingi huonesha udogo, kama katika kilima kikilinganishwa na mlima. Kwa asili, basi, kiwanja ni uwanja mdogo. Tofauti hiyo bado inasikika watu wanaposema kiwanja cha tenisi au kiwanja cha kuchezea watoto, lakini haifuatwi kila mahali. Mamlaka ya Viwanja vya Ndege Tanzania hutumia umbo hili kwa maeneo ambayo si madogo hata kidogo, na mtu anayesema "kiwanja cha ndege cha Dar es Salaam" hana nia ya kukidharau.

Jambo linalowatatiza wanafunzi ni wingi. Katika mazungumzo ya leo, wingi wa uwanja katika maana ya mahali pa michezo si nyanja tena, bali ni viwanja. Mtangazaji husema: "Mechi za leo zitachezwa katika viwanja vitatu." Kiwanja kimemkopesha uwanja wingi wake. Mwanafunzi anayeandika "nyanja tatu za mpira" hajakosea sarufi, ila ameandika Kiswahili ambacho hakuna mchezaji anayekizungumza.

Nyanja, kwa upande wake, haijapotea. Imehamia katika maana ya kitamathali: sehemu za maarifa, kazi au maisha. Husemwa "nyanja za uchumi", "wataalamu wa nyanja mbalimbali", "maendeleo katika nyanja zote". Imehama mbali kiasi kwamba watu wengi hawaioni tena kuwa ni wingi. Magazeti na hotuba zimejaa maneno "katika nyanja ya afya" au "nyanja hii", ambamo neno limepewa upatanisho wa umoja wa ngeli ya I-ZI. Walimu wa sarufi hupendelea "uwanja wa afya" katika umoja na "nyanja za afya" katika wingi, na wana hoja. Lakini "nyanja ya" imeshaota mizizi, na mtu anayesahihisha insha anapaswa kujua kwamba kosa hilo analisikia pia katika taarifa ya habari.

Hivyo neno moja limegawanyika. Umoja wake, uwanja, unabeba maana zote mbili: ile ya ardhi na ile ya kitamathali. Wingi wake umepasuka, viwanja kwa ardhi na nyanja kwa mawazo.

Kikiongezwa kiambishi cha mahali -ni, neno hubadili upatanisho kulingana na mahali panapokusudiwa. Uwanjani pana giza, yaani mahali pale hasa. Uwanjani kuna watu, yaani katika eneo hilo kwa jumla. Uwanjani mmejaa maji, yaani ndani yake.

Maneno mawili yanayofanana nalo yasichanganywe. Nyanja, au nyanza, lina pia maana ya ziwa au maji mengi, na limo katika lugha kadhaa za Kibantu: ndiyo asili ya jina la Nyanza nchini Kenya na la Wanyanja wa Malawi na nchi jirani. Wanja, bila u ya mwanzo, ni unga mweusi wa kupaka machoni.

## Katika michezo

Katika habari za michezo neno uwanja lina maana mbili ambazo muktadha pekee ndio huzitenganisha. Maana ya kwanza ni eneo la kuchezea lenyewe, lile lililopigwa mistari. Ya pili ni mahali pote pamoja na majukwaa, milango, vyumba vya kubadilishia nguo na maegesho. Tofauti huonekana katika sentensi mbili zinazokaribiana sana: "uwanja umejaa" maana yake watazamaji hawana tena pa kukaa, na "uwanja umejaa maji" maana yake mwamuzi huenda akaahirisha mchezo. Wanaotaka kuepuka utata husema "eneo la kuchezea", na baadhi ya watangazaji husema "pichi".

Kanuni za mpira wa miguu zinaruhusu uwanja wenye urefu wa mita 90 hadi 120 na upana wa mita 45 hadi 90. Kwa mechi za kimataifa nafasi hiyo hubanwa: urefu mita 100 hadi 110, upana mita 64 hadi 75. Kipimo kinachopendwa na wajenzi wa viwanja vikubwa ni mita 105 kwa 68. Goli lina upana wa mita 7.32 na kimo cha mita 2.44, na alama ya penalti iko mita 11 kutoka mstari wa goli. Tarakimu hizi zinaonekana za ajabu kwa sababu zilianza kama yadi na futi za Kiingereza. Eneo la penalti linaishia yadi 18 kutoka mstari wa goli, yaani mita 16.5, na ndiyo maana hadi leo mashabiki wa Tanzania husema mchezaji ameangushwa "ndani ya kumi na nane", ingawa wengi wao hawajawahi kupima kitu kwa yadi.

Sehemu nyingine za uwanja wa mpira zina majina yaliyotoka katika nyumba na maisha ya kila siku. Goli huitwa pia lango, na kipa ni mlinda lango. Milingoti miwili ya pembeni ni nguzo. Mti wa juu unaoziunganisha ni mwamba, au mtambaa wa panya, jina ambalo ni la boriti ya darini ambapo panya hupita.

Viwanja vya michezo mingine ni vidogo zaidi. Uwanja wa netiboli una mita 30.5 kwa 15.25, wa mpira wa kikapu mita 28 kwa 15, wa mpira wa wavu mita 18 kwa 9. Shule yenye eneo dogo inaweza kuchora vyote vitatu juu ya saruji moja kwa rangi tofauti, na shule nyingi za mijini hufanya hivyo. Njia ya kukimbilia ya uwanja wa riadha ina mita 400 kwa mzunguko mmoja, na kwa kawaida huuzunguka uwanja wa mpira, jambo linalowaweka watazamaji mbali kidogo na mchezo.

Kuhusu uso wake, uwanja unaweza kuwa wa nyasi za asili, nyasi bandia, udongo, mchanga, saruji au mbao. Katika Kiswahili cha Tanzania mchanga umezaa msemo: timu za mchangani ni zile za mitaani zisizo katika ligi rasmi, na soka la mchangani ni mchezo wao, hata kama siku hiyo wanachezea nyasi. Mashindano ya namna hiyo huitwa pia ndondo. Wachezaji kadhaa wanaojulikana walianzia huko, na si ajabu kukuta umati kwenye mechi ya ndondo ukiwa mkubwa kuliko ule wa mechi ya ligi inayochezwa jioni hiyohiyo.

Uwanja wa watoto hauhitaji hata hayo. Mawe mawili au kandambili mbili ni goli, kichaka ni mpaka wa upande mmoja, na ukuta wa jirani ni mpaka wa upande wa pili. Kwa kuwa hakuna mtambaa wa panya, mpira uliopita juu zaidi ya mikono ya kipa si bao, na ubishi kuhusu urefu wa mikono hiyo ni sehemu ya mchezo. Rede, nage, kombolela na gololi nchini Tanzania, au kati na banoo huko Nairobi, zinahitaji nafasi ndogo zaidi, lakini zinahitaji nafasi.

Katika lugha ya michezo neno hili limetoa misemo mingi. Timu hucheza uwanja wa nyumbani au uwanja wa ugenini. Mchezaji aliyetolewa ameondoka uwanjani. Kumwachia mtu uwanja ni kujitoa katika shindano ili afanye apendavyo, na msemo huu hutumika hata kwa wafanyabiashara na wanasiasa. "Uwanja sawa" katika habari za uchaguzi, yaani masharti yasiyompendelea mshindani mmoja, ni tafsiri ya moja kwa moja kutoka Kiingereza. Inaeleweka, ingawa mchezaji wa mchangani anajua kwamba hakuna uwanja uliowahi kuwa sawa, na ndiyo maana timu hubadilishana magoli wakati wa mapumziko.

Miongoni mwa vijana wa mijini Tanzania, viwanja ni pia sehemu za starehe za usiku. Anayesema "tunazunguka viwanja" jioni ya Ijumaa hana habari na mpira.

## Mahali pa umma

Kwa sababu ni nafasi ya wazi inayoweza kubeba watu wengi, uwanja ndio mahali ambapo mambo ya nchi hufanyika mbele ya macho ya watu. Bendera ya Tanganyika ilipandishwa usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961 katika Uwanja wa Taifa, Dar es Salaam, ambao sasa huitwa Uwanja wa Uhuru. Karibu nao ulijengwa uwanja mpya wa watazamaji 60,000, uliofunguliwa mwaka 2007 na kurithi jina la Uwanja wa Taifa. Mwaka 2020, baada ya kifo cha Rais mstaafu Benjamin Mkapa, ulipewa jina lake. Msomaji wa magazeti ya zamani inambidi aangalie tarehe kabla ya kujua ni Uwanja wa Taifa upi unaotajwa.

Viwanja vya Mnazi Mmoja vipo Dar es Salaam na Unguja pia. Cha Dar es Salaam kina historia isiyo ya furaha. Chini ya utawala wa Kiingereza mji uligawanywa kwa rangi za watu, na ukanda wa wazi uliachwa kati ya Uhindini na mitaa ya Waafrika ya Kariakoo. Uwazi ule haukuachwa ili watu wakutane, bali ili watengane. Baadaye watu walikutana hapo vilevile, kwa mikutano, sherehe na mpira.

Huko Nairobi, uwanja wa Kamukunji ulikuwa tangu wakati wa kudai uhuru mahali pa mikutano ya siasa. Tarehe 7 Julai 1990 watu walijaribu kukusanyika hapo kudai mfumo wa vyama vingi, serikali ikiwa imeupiga marufuku mkutano na kuwakamata waliouitisha, Kenneth Matiba na Charles Rubia. Jina la uwanja huo limekuwa nomino ya kawaida katika Kiswahili cha Kenya: wanafunzi wa chuo kikuu au wabunge wakikutana kujadili jambo bila utaratibu rasmi, husemwa wana kamukunji.

Nchini Tanzania tarehe hiyohiyo ya Julai imeacha alama katika msamiati kwa njia nyingine. Saba Saba ni siku ambayo TANU ilianzishwa mwaka 1954, na viwanja vya Sabasaba katika Barabara ya Kilwa ndipo hufanyika maonesho ya biashara. Maonesho ya wakulima hufanyika Agosti katika viwanja vya Nane Nane vya kanda mbalimbali. Katika matumizi haya wingi hutumika hata kama eneo ni moja. Ndivyo ilivyo pia kwa "viwanja vya Bunge", "viwanja vya Ikulu" na "viwanja vya shule", ambapo viwanja maana yake ni eneo lote linalozunguka majengo.

Umiliki wa viwanja vya michezo nao umekuwa suala la umma. Viwanja kadhaa vikubwa vya mikoani Tanzania, kama vile Kirumba mjini Mwanza na Sheikh Amri Abeid mjini Arusha, ni mali ya Chama cha Mapinduzi. Vinatokana na kipindi ambacho chama kilikuwa kimoja tu, na mpaka kati ya mali ya chama na mali ya wananchi haukuwa ukiulizwa sana. Tangu mfumo wa vyama vingi uliporudi mwaka 1992, swali hilo limeulizwa mara nyingi, na linaendelea kuulizwa.

Redio na magazeti ya Kiswahili hutumia neno hilihili kwa nafasi kubwa za katikati ya miji ya ng'ambo: Uwanja wa Tahrir mjini Kairo, ambako umati ulidumu hadi Rais Hosni Mubarak alipoondoka madarakani tarehe 11 Februari 2011, Uwanja wa Tiananmen mjini Beijing, Uwanja wa Mtakatifu Petro huko Vatikani. Waislamu husema uwanja wa Arafa kwa mahali ambapo mahujaji husimama siku ya tarehe 9 ya mwezi wa Dhulhija.

## Ndege, vita na majina ya mitaa

Uwanja wa ndege hauhitaji maelezo marefu: ndege za kwanza zilitua katika ardhi iliyofyekwa na kusawazishwa tu, na jina lilibaki hata baada ya kujengwa njia za lami na majengo ya abiria. Njia yenyewe ndege inapokimbilia huitwa njia ya kurukia. Uwanja wa vita, au uwanja wa mapambano, ni mahali majeshi yanapokutana, na kwa tamathali ni shindano lolote kali.

Neno hili limo pia katika majina ya mahali. Kiwanja ni mji katika wilaya ya Rutshuru, Kivu ya Kaskazini, katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Uwanja wa Mbuzi uko Kongowea, Mombasa, na Uwanja wa Fisi ni jina la sehemu ya Manzese, Dar es Salaam. Fisi hawaonekani tena huko.

## Kiwanja cha kujengea

Maana nyingine ya kiwanja ni kipande cha ardhi kilichopimwa kwa ajili ya kujenga nyumba au jengo. Nchini Tanzania hii ndiyo maana ya kwanza inayomjia mtu mzima, kama vile mpira unavyomjia mtoto. "Nimepata kiwanja" ni habari ya furaha inayotangulia miaka mingi ya matofali na saruji. Nchini Kenya wengi husema ploti.

Kiwanja kilichopimwa rasmi kina namba yake na kimo ndani ya kitalu, kwa mfano "Kiwanja Na. 45 Kitalu C". Ardhi yote ya Tanzania ni mali ya umma chini ya udhamini wa Rais, na hilo limo katika Sheria ya Ardhi Na. 4 ya mwaka 1999. Kwa hiyo mwenye hati ya kiwanja anamiliki haki ya kukitumia kwa muda uliotajwa, ambao unaweza kufika miaka 99. Kiwanja ambacho hakijapimwa huuzwa kwa makubaliano ya majirani na mashahidi, na mara nyingi hupimwa kwa miguu: "hatua ishirini kwa ishirini". Hapo ni vizuri kujua hatua ni za nani. Serikali ilipoanzisha mwaka 2002 mpango mkubwa wa kupima maeneo ya kujenga Dar es Salaam, uliitwa Mradi wa Viwanja 20,000, na hakuna mkazi wa jiji aliyedhani kwamba ni vya mpira.

Ni jambo la kutazamwa kwa makini kwamba maana hizi mbili zimo katika neno moja, kwa sababu zinavutana. Kiwanja cha michezo ni nafasi iliyoachwa wazi ili wengi waitumie, na kiwanja cha kujengea ni nafasi iliyo wazi kwa muda tu, ikimngoja mtu mmoja aifunge. Kwa macho hazitofautiani. Ardhi tambarare isiyo na nyumba katikati ya mtaa inaweza kuwa hiki au kile, na jibu limo katika ramani ya mipango miji, ambayo watoto wanaocheza hapo hawajawahi kuiona.

Hesabu inaeleza mvutano huo vizuri. Uwanja wa mpira wa mita 105 kwa 68 una mita za mraba 7,140, yaani karibu ekari moja na robo tatu. Kipimo cha kawaida cha kiwanja cha kujengea ni mita 20 kwa 30, sawa na mita za mraba 600. Uwanja mmoja wa mpira, basi, una ukubwa wa karibu viwanja 12 vya nyumba, kabla ya kuondoa nafasi ya njia. Mtaa unapokua na bei ya ardhi kupanda, kila mmoja anaweza kufanya hesabu hiyo kichwani.

Ramani za miji huweka maeneo ya wazi na viwanja vya michezo, na nchini Tanzania Sheria ya Mipango Miji Na. 8 ya mwaka 2007 inataka matumizi yasibadilishwe bila utaratibu. Hata hivyo maeneo hayo huvamiwa. Mara nyingi huanza na kibanda, kisha uzio wa mabati, kisha msingi. Nchini Kenya, tume iliyoongozwa na Paul Ndung'u kuhusu ugawaji haramu wa ardhi ya umma ilitoa ripoti mwaka 2004, nayo ilionesha jinsi ardhi iliyotengwa kwa matumizi ya wote, pamoja na ya shule na ya burudani, ilivyogawiwa watu binafsi.

Tukio lililojulikana zaidi lilitokea Nairobi tarehe 19 Januari 2015. Wanafunzi wa shule moja ya msingi kando ya Barabara ya Lang'ata walirudi kutoka likizo na kukuta ukuta umejengwa kuwatenga na uwanja wao. Waliandamana pamoja na wanaharakati, wakauangusha ukuta, na polisi wakawarushia gesi ya machozi. Picha za watoto waliovaa sare za shule katikati ya moshi zilienea duniani. Serikali ilitamka baadaye kwamba eneo hilo ni la shule.

Katika hali kama hizo tofauti ya maana ina uzito wa kisheria. Shule inayoandika katika barua zake "kiwanja cha shule" inaweza kumaanisha mahali pa michezo au eneo lote lililo katika hati. Ni salama zaidi kuandika "uwanja wa michezo wa shule" kwa maana ya kwanza na "eneo la shule" kwa ya pili, na kutaja namba ya kiwanja na kitalu pale vinapojulikana.

## Maneno ya jirani

Uga (wingi nyuga) ni nafasi ya wazi, hasa karibu na nyumba au katikati ya mji. Waandishi wa michezo wa Kenya hulitumia sana badala ya uwanja: uga wa Nyayo, ugani Kasarani. Tanzania halisikiki sana katika michezo, lakini wanafunzi wa fizikia hulikuta katika "uga sumaku", yaani eneo ambamo nguvu ya sumaku huhisika.

Ua (wingi nyua) ni nafasi iliyozungushiwa uzio au ukuta nyuma au pembeni mwa nyumba. Tofauti yake na uwanja ni kwamba ua ni wa wenye nyumba, na mgeni hapiti bila kubisha hodi. Behewa, katika nyumba za mawe za pwani, ni ua wa ndani uliozungukwa na vyumba. Neno hilohilo sasa hutumika zaidi kwa gari la treni.

Uwanda (wingi nyanda) ni ardhi tambarare kubwa ya asili. Linakaribiana na uwanja kwa umbo na kwa maana, lakini uwanda haukutengwa na mtu. Limo katika jina la Nyanda za Juu Kusini, yaani mikoa ya Mbeya, Iringa na jirani zake. Kiwanda nalo halikuwa na maana ya jengo lenye mashine tangu mwanzo: lilitaja mahali ambapo mafundi, kwa mfano wahunzi, walifanyia kazi yao.

Dimba hutumiwa na watangazaji: timu hushuka dimbani, na mechi ya kwanza ya mashindano hufungua dimba. Ulingo, ambapo mabondia hupigana, ni neno lililotoka shambani. Ulingo wa asili ni jukwaa la miti ambalo mtoto hupanda wakati mpunga au mtama umeiva, akiwa na kombeo na mawe, ili kuwafukuza ndege.